Daftari Lisilo na Kurasa

(Mazungumzo kuhusu sheria na kompyuta yaliyotolewa kwenye mkutano wa wanafunzi wa zamani, Msata)



Nimeombwa nizungumze juu ya sheria na kompyuta. Huenda baadhi yenu mmekwisha kujiambia kwamba hayo ni mambo ya mawakili na mafundi wa Dar es Salaam. Sivyo, ndugu zangu. Mkulima wa Kiwangwa anayempakilia mfanyabiashara mananasi kwa ahadi iliyoandikwa katika simu yumo ndani ya jambo hili. Simu yake ni kompyuta ndogo, na siku ahadi ikivunjwa ataulizwa: ushahidi wako uko wapi?

Watu hupenda kusema kwamba mitambo hukimbia na sheria hujikongoja nyuma. Kwetu haikuwa hivyo sikuzote. Kompyuta ya kwanza nchini ilifungwa katika Wizara ya Fedha mwaka 1965. Mwaka 1974, baada ya kazi ya kuweka hesabu za Serikali kwa kompyuta kwenda mrama, Serikali ilikataza kuingiza nchini kompyuta na vifaa vyake pasipo kibali. Katazo hilo lilidumu mpaka miaka ya 1990. Basi hapo sheria ndiyo iliyotangulia, ikasimama mlangoni na kuufunga.

Mlango ulipofunguliwa, ulifunguliwa pia na sheria. Sheria ya mabenki ya mwaka 1991 iliruhusu benki za watu binafsi, na benki hizo zikaja na kompyuta zao. Leja nene za wino zikaanza kutoweka kaunta. Sasa ikawa zamu ya mashine kuitia sheria mashakani.

Tazameni jinsi ilivyokuwa. Sheria yetu ya Ushahidi ni ya mwaka 1967, na mizizi yake ni sheria ya India ya mwaka 1872. Ilieleza kwamba vitabu vya benki ni leja, madaftari ya kila siku, vitabu vya fedha, vya hesabu, na vinginevyo vitumikavyo katika kazi ya kawaida ya benki. Nakala ya kitabu hicho hupokelewa mahakamani ikithibitika kwamba kitabu ni cha kazi ya kila siku ya benki, kimo mikononi mwa benki, na nakala imelinganishwa na maandishi ya asili ikaonekana sawa. Ni utaratibu wa busara. Lakini katika kompyuta maandishi ya asili ni yapi? Hakuna ukurasa wa kufunua wala mwandiko wa karani wa kutambua. Kilichopo ni alama ndani ya mtambo, na karatasi hutoka pale tu mtu anapoamuru ichapwe.

Swali hilo lilifika mbele ya Mahakama Kuu, Divisheni ya Biashara, katika kesi ya mwaka 2000 ya Trust Bank dhidi ya Le-Marsh Enterprises. Ilibishaniwa kama karatasi zilizochapwa na kompyuta zaweza kupokelewa kuwa vitabu vya benki. Jaji Nsekela angeweza kusema kwamba neno kompyuta halimo katika sheria, akafunga jalada. Hakufanya hivyo. Aliamua kwamba zapokelewa, akieleza kuwa sheria haina budi kwenda sambamba na mabadiliko ya ufundi yanayogeuza namna watu wanavyofanya biashara.

Bunge lilifuata. Mwaka 2007 Sheria ya Ushahidi ilirekebishwa ili ipokee ushahidi wa kielektroniki katika kesi za jinai na karatasi za benki zilizochapwa na kompyuta. Mwaka 2015 ikaja Sheria ya Miamala ya Kielektroniki, isemayo kwamba ujumbe usikataliwe mahakamani kwa sababu tu ni wa kielektroniki.

Hapa ndipo ninapowaomba mnisikilize vizuri, maana wengi hukosea. Kupokelewa si kuaminiwa. Sheria hiyo ya 2015 humtaka hakimu apime: ujumbe ulitengenezwaje, ukatunzwaje, ukapelekwaje, na aliyeuandika alitambulikanaje. Mkiyaangalia maswali haya mtaona ni yale yale ya leja ya wino: nani aliandika, nani alitunza, na je, umeguswa? Mashine imebadilisha daftari, haikubadilisha swali.

Kwa hiyo mkulima wetu wa Kiwangwa asitosheke kupiga picha ya kioo cha simu, kwani picha huchezewa. Autunze ujumbe wenyewe katika simu iliyoupokea. Makubaliano yaandikwe waziwazi: jina, idadi, bei na siku ya malipo. Na asimsajilie mtu mwingine laini kwa jina lake. Tangu 2019 laini husajiliwa kwa alama za vidole, na likitendwa baya kwa namba hiyo, mlango wa kwanza kubishwa ni wake.

Vijana, kwenu nina neno zaidi. Mwaka huo huo wa 2015 ilipitishwa Sheria ya Makosa ya Mtandao. Kuingia katika kompyuta ya mtu bila idhini ni kosa, hata kama ulitaka kuonyesha ujuzi tu. Kueneza habari za uongo kwa kukusudia kupotosha nako ni kosa. Wapo waliolalamika kwamba sheria hii ni pana mno na yaweza kumbana msema kweli, na lalamiko hilo lastahili kusikilizwa. Sheria yenye meno yahitaji wananchi wanaoijua, ili ing'ate mwizi isimng'ate mwenye nyumba. Na kwa upande wa kumkinga raia, Sheria ya Ulinzi wa Taarifa Binafsi ya mwaka 2022, iliyoanza kutumika Mei 2023, humtaka anayekusanya habari zako aeleze anazitakia nini na azilinde.

Mnaona basi kwamba sheria na kompyuta hazifuatani kama gari na tela. Husukumana. Katazo la 1974 lilizuia mashine. Mashine za benki zikamlazimu jaji aisome upya sheria ya 1967. Na sheria ya 2015 sasa inatufundisha jinsi ya kutunza maneno yetu. Mwisho wa mwendo huo haujaonekana. Watakaouendesha ni wale watakaojua pande zote mbili, nao ni wachache. Mwanafunzi anayependa hisabati asiidharau historia na uraia, na anayetaka uwakili asiikimbie kompyuta. Taifa litawahitaji wakiwa mtu mmoja.