Jina Hubaki, Mnyama Huenda



Wapendwa wasikilizaji, katika Kitabu cha Kwanza cha Samweli, sura ya 24, twamkuta Daudi amejificha Engedi, karibu na Bahari ya Chumvi, akimkimbia mfalme Sauli. Maana ya jina Engedi ni chemchemi ya mwana-mbuzi, na majabali ya huko yaitwa ya mbuzi-mwitu. Majina ya namna hii huzaliwa machoni pa watu. Msafiri mwenye kiu humwona mnyama akinywa maji, huwaambia wenzake, na mahali pakapata jina.

Kwetu ni vivyo hivyo. Karibu na Thika, nchini Kenya, upo mlima uitwao Kilimambogo, na mbogo wangali wamo msituni mwake. Kampala nayo, kadiri ya mapokeo, ni kilima cha swala pala, ambaye Waganda humwita empala. Mwaka 1890 Kapteni Lugard alijenga ngome juu ya kilima hicho, na mji ukakua ukaenea vilima vingi. Leo jina hilo lajulikana duniani kote, lakini ukikipanda kilima kile humwoni swala hata mmoja.

Ndugu zangu, sisi tu kilima kipi? Matendo ya Mitume, sura ya 11, yasema kwamba wanafunzi waliitwa Wakristo kwanza huko Antiokia. Hayasemi kwamba walijiita, yasema waliitwa. Basi, jina letu tunalo, limeandikwa katika vyeti vya ubatizo. Lakini mjane aliyenyang'anywa shamba na mashemeji waliobatizwa, akija kwetu kwa ajili ya jina hilo, atamwona nani?

Swala hawakutoweka Kampala kwa siku moja. Ilijengwa nyumba hii, ikakatwa njia ile, nafasi yao ikapungua. Kristo naye hafukuzwi nyumbani mwetu kwa tangazo. Leo sala ya jioni imeachwa. Kesho jirani hasalimiwi. Keshokutwa mirathi ya yatima imegawanywa gizani. Jina limebaki mlangoni, mwenye jina hana pa kukaa.

Hata hivyo tusikate tamaa. Mbuzi-mwitu wa Engedi wangali wakiteremka majini hata leo, kwa kuwa chemchemi haijakauka, nao wameachiwa nafasi. Neema ya ubatizo nayo ni chemchemi isiyokauka; kinachotakiwa ni nafasi. Daudi aliitoa pale pale Engedi: adui yake alikuwa mkononi mwake pangoni, naye akakata upindo wa vazi tu, akamwacha hai.

Basi, wiki hii, mwenye kesi ya shamba na ndugu yake amwendee kwanza. Aliyeshika haki ya mjane airudishe. Ndipo wapita njia watakapotuita Wakristo kwa sababu wamemwona Kristo kwetu.

Mungu Mwenyezi awabariki, Baba, na Mwana, na Roho Mtakatifu. Amina.