Asikilizwe Kabla ya Kufutwa



Kifungu cha 2A cha Katiba ya zamani kilipofutwa mwaka 1991, tulishangilia kwamba hapatakuwa tena na chama kimoja cha kutuamulia mambo bila kutusikiliza. Jioni tulirejea majumbani mwetu, ambamo mlinzi na yaya walikuwa wangali chini ya utawala ule ule: neno moja la mwajiri, nao wako nje ya lango.

Sheria ya enzi hizo aghalabu ilimruhusu mwajiri kumwondoa mfanyakazi kwa notisi tu, pasipo kutaja sababu. Sheria ya Ajira ya 2007 iliukomesha uhuru huo. Kifungu chake cha 41 (nambari ile ile, kwa sadfa, inayolinda haki za kazi katika Katiba ya 2010) kinamtaka mwajiri anayekusudia kumfuta mtu kwa utovu wa nidhamu, utendaji duni au udhaifu wa mwili amweleze kwanza sababu, kwa lugha anayoifahamu, mbele ya mfanyakazi mwenzake au mwakilishi wa chama aliyemchagua mwenyewe. Kisha amsikilize. Akipuuza hayo, mahakama yaweza kumtoza fidia isiyozidi mishahara ya miezi 12.

"Lakini aliiba!" Jibu hili tumelisikia sana, hata vinywani mwa wazee wa kanisa. Huenda aliiba kweli. Sheria yasema hata huyo asikilizwe, nasi twaona ni sawa, kwa kuwa aliyeshtakiwa na mwenye mshahara ndiye mwenye kushtakiwa na hakimu wake mwenyewe.

Mfanyakazi naye anafungwa na sheria hiyo. Akilewa hata asiweze kufanya kazi, au akikosa kazini bila ruhusa, aweza kufukuzwa bila notisi mara akishasikilizwa. Na alipwaye kwa mwezi akitaka kuondoka, atoe notisi ya siku 28. Kutoroka usiku wa mshahara na kumwacha mtoto wa watu peke yake si haki ya mnyonge.

Limebaki la maandishi. Mkataba wa miezi mitatu au zaidi sharti uandikwe, na mwenye jukumu hilo ni mwajiri. Asipoweza kuutoa mahakamani, mzigo wa kuthibitisha masharti humwangukia yeye. Basi kamati ya kanisa ikutanapo Jumapili ijayo, muulizeni mwenyekiti: yule mzee anayetunza funguo zetu miaka yote hii, ana karatasi gani mkononi?