Mti wa Matunda na Miaka ya Kuusubiri



Apandaye kokwa la nektarini, tunda la jamii ya pichi, atapata mti wenye majani ya kupendeza, na huenda asichume tunda hata baada ya miaka 10. Mti huo hudai mamia ya saa za baridi kali, chini ya nyuzi 7, ndipo macho ya maua yaamke. Milima ya Lushoto na Njombe ina baridi ya kuzitosha aina zisizodai nyingi, na pichi huzaa huko. Maruku, kwa uvuguvugu wa Ziwa Viktoria, haina. Mbolea haizibi pengo hilo.

Kibanja ni kidogo. Mwenye nafasi ya mti mmoja na apande mparachichi uliobebeshwa: kwa kawaida huanza kuzaa mwaka wa 3 au wa 4, ilhali uliooteshwa kwa kokwa huweza kupita miaka 7, na matunda yake hayafanani na ya mti mama. Maji yasituame shinani, kwani mizizi huoza upesi. Matunda ya kwanza yapunguzwe, ingawa yaliyosubiriwa hivyo huuma kuyaondoa, ili matawi yapate nguvu. Miaka hiyo yote migomba ya jirani itaendelea kuilisha nyumba. Afisa ugani wa kata aulizwe kabla shimo halijachimbwa.