Baba Aliyebaki Mashuani



Sisi tuliokulia kando ya Ziwa Victoria, upande wa Homa Bay, twajua kazi ya omena. Hufanywa usiku wa giza, taa zikielea majini ili kuwavuta samaki. Tena wavu hauvutwi na mtu mmoja: huyu huvuta huku, mwenzake kule.

Mzee mmoja huvua pamoja na mwanawe. Siku moja kijana alisema, "Baba, samaki wamepungua. Nataka kufuga ngege katika vizimba." Mzee akajibu, "Ziwa hili lilikulisha, likakusomesha. Leo walidharau?" Tangu usiku ule wakawa wakivuta wavu mmoja bila kusemezana. Mama, akianika omena asubuhi, ndiye aliyechukua maneno ya huyu kumpelekea yule.

Wazazi wenzetu, tusimcheke mzee huyo. Mara nyingi twasema twailinda kazi ya mababu, kumbe twaogopa kuachwa. Mababu hao hawakumjua mbuta, aliyeletwa ziwani katika miaka ya 1950 na 1960. Taa za karabai nazo wengi wetu tumeziacha, twatumia za nguvu za jua. Sisi nasi tulibadilika.

Katika Marko sura ya 1 twasoma habari za Zebedayo. Wanawe walikuwa wakitengeneza nyavu. Bwana alipowaita, wakamwacha baba yao mashuani. Hatusomi kwamba aliwazuia, wala kwamba aliwalaani. Lakini ninyi vijana, angalieni pia: hakuachwa peke yake, bali pamoja na watu wa mshahara. Je, mkiondoka, nani atashika upande wa pili wa wavu?

Yule kijana hatimaye alimwendea baba yake, akauliza, "Baba, wapi maji yana kina na mkondo mzuri, kizimba kikae salama?" Mzee akanyamaza kitambo. Kisha akanyosha mkono, akamwonyesha. Ujuzi wa miaka mingi alikuwa nao. Hakuna aliyekuwa amemwuliza.

Tuombe. Ee Baba, utufundishe sisi wazazi kuachilia bila uchungu, na watoto wetu kuondoka bila dharau. Amina.