Mwalimu Akifukuzwa Kazi, Afanye Nini?



Leo nataka tuzungumze juu ya haki ya mwalimu. Mtasema, sisi wakulima mambo hayo yanatuhusu nini? Yanatuhusu. Hapa Ugogo wako wazazi waliouza ng'ombe ili mtoto asome ualimu. Mtoto huyo akifukuzwa bila haki, hasara ni ya nyumba nzima.

Tuseme mwalimu wa shule ya serikali huko Mpwapwa alikwenda kumwuguza mama yake. Aliporudi alikuta barua ya tuhuma: utoro kazini. Asiitupe barua hiyo! Ajibu kwa maandishi, katika siku alizopewa. Aeleze sababu yake. Aambatishe karatasi za hospitali, na barua ya ruhusa kama anayo.

Shauri lake huamuliwa kwanza wilayani, chini ya Tume ya Utumishi wa Walimu. Tume hii iliundwa kwa sheria ya mwaka 2015. Je, akifukuzwa ndiyo mwisho? Hapana. Ibara ya 13 ya Katiba yetu inampa mtu haki ya kusikilizwa kwa ukamilifu na haki ya kukata rufaa. Mwalimu ana siku 45 za kukata rufaa kwenye Tume, makao makuu, hapa Dodoma. Asiporidhika, rufaa yake huenda kwa Rais.

Baada ya hapo iko Mahakama Kuu. Lakini Mahakama haianzi upya kuuliza kama alikuwa mtoro. Huangalia kama sheria ilifuatwa. Je, aliambiwa kosa lake? Je, alisikilizwa? Ruhusa ya kufungua shauri hilo huombwa katika miezi 6.

Hapa ndipo watu hupotea njia. Mwalimu wa serikali anakimbilia Tume ya Usuluhishi na Uamuzi. Kumbe sheria ilibadilishwa mwaka 2016. Sharti kwanza amalize ngazi za rufaa za utumishi wa umma. Anaporudishwa, zile siku 45 zimekwisha. Mwalimu wa shule ya binafsi ndiye anayeanzia huko. Naye ana siku 30 tu, tangu alipoachishwa kazi.

Ndugu zangu, wengine wana haki yao, lakini wanakaa kimya kwa aibu mpaka siku zinapita. Ngoja ngoja huumiza matumbo. Barua ikifika, andika tarehe uliyoipokea. Weka nakala ya kila karatasi. Wazee walisema, mali bila daftari hupotea bila habari. Na kazi ni mali.

Ninyi mliojifunza kusoma mnaweza kusaidia. Mwanao mwalimu akirudi nyumbani na mzigo wake, hasemi neno, usimgombeze. Mwombe barua. Soma tarehe. Halafu mhesabu siku pamoja.