Amon Simutowe na miaka tisa ya kungojea



Siye wenye diploma bila kazi, kila siku tunaambiwa: jifunze, akili itakufikisha. Basi tuangalie sataranji, ule mchezo tunaita échecs, maana pale ni akili tu inacheza, hata mguu hautumiki.

Amon Simutowe ni mtoto wa Zambia, jirani wetu. Mwaka 2000 alikuwa wa pili katika shindano la dunia la vijana chini ya miaka 20. Wa pili duniani! Lakini cheo cha bingwa mkuu, grand maître, alikipata mwaka 2009. Hakuwa amelala. Cheo kinaomba pointi 2500, na tena mara tatu uonyeshe nguvu katika mashindano ambamo unakutana na mabingwa wakuu watatu au zaidi. Sasa, utawakuta wapi? Si Lusaka, si hapa Makiso. Mara ya tatu alifaulu kule Uholanzi, mwaka 2007. Mtoto wa Moscow anawafikia kwa metro; wa kwetu anaanza na pasipoti, viza, tikiti ya ndege.

Kule Mangobo watoto wanacheza dames na vifuniko vya chupa mpaka giza. Wanahesabu mbali, tumeona wenyewe.

Tunaomba komini kila moja itoe chumba na meza kumi, na mji upange shindano moja kwa mwaka, wachezaji wa Zambia na Uganda waalikwe. Barua kwa meya tunaipeleka Jumatatu. Ukuje na kalamu, utie sahihi.