Kafi na Kijiko cha Chumvi





Asubuhi ya leo, wakati wa matoleo, tuliona watu wakitabasamu. Baada ya mbuzi, kuku na mikungu ya ndizi, walikuja watu wawili wa shirika letu: mmoja amechukua kafi kuukuu la mtumbwi, mwingine kijiko cha chumvi juu ya kisahani. Kijana mmoja nyuma yetu aliuliza kwa sauti ndogo kama yubile imekosa vitu vya maana. Swali lake lilitupendeza. Tumeombwa kusema juu ya furaha ya mkristu katika maisha ya kila siku, na yote tuliyo nayo ya kusema yamo katika vitu hivyo viwili.

Tuanze na kafi. Kila mmoja wetu anajua namna mto ulivyougawanya mji wetu: Kasuku na Mikelenge upande wa kushoto, Alunguli upande wa kuume. Kabla ukungu haujaondoka juu ya Lualaba, mitumbwi imekwisha kutoka ng'ambo. Ndani yake mna mihogo, sombe, mkaa, kuku waliofungwa miguu, wanafunzi wanaoshika viatu mkononi ili visilowe, na mama anayempeleka mtoto mwenye homa kwa mganga. Mkatoliki anakaa karibu na mwislamu, na wote wawili wanautegemea mkono wa mtu mmoja anayepiga kafi. Watu wanaulizana habari ya kulala, wanabishana juu ya bei, wanacheka. Wakiisha kushuka, hakuna anayekumbuka kwamba amevuka. Katika vitabu vya parokia hamna ukurasa unaosema: leo watu walivuka salama. Hata hivyo, sehemu kubwa ya miaka tunayoishangilia leo ilipita namna hiyo.

Sisi pia hatukuyatambua mambo hayo mpaka tulipoyakosa. Vita vilipoufikia mji wetu mwezi wa Oktoba 1998, treni ya kutoka kusini ilinyamaza, na pamoja nayo chumvi, sabuni na nguo. Mwaka 2002 hali ilizidi kuwa mbaya. Mji ulizungukwa, na mtu aliyekwenda shambani hakujua kama atarudi. Mashamba yakawa karibu kwa macho na mbali kwa miguu. Chumvi ilikuja kwa ndege, na bei yake ilikuwa bei ya ndege. Ndipo tulipomwona mama mmoja wa shirika letu akigawanya kijiko kimoja cha chumvi kati ya nyumba tatu, akisawazisha kwa ncha ya kisu kama mtu apimaye dhahabu. Mama huyo amekwisha kututangulia mbele ya Bwana. Kijiko mlichokiona asubuhi ni chake.

Siku zile tuliahidi kwamba vita vikiisha hatutalalamika tena kwa ajili ya sombe isiyo na samaki. Tuungame ukweli: treni ilipofika tena mwaka 2004, hatukukawia kulalamika.

Wala kizazi chetu si cha kwanza kunyang'anywa siku ya kawaida. Kusini mwa Kindu, kando ya mto huu huu, iko Nyangwe. Mwaka 1871 msafiri Livingstone alikaa huko miezi kadhaa, akapenda kwenda sokoni kutazama akina mama walivyobishania bei, walivyotaniana na kucheka. Akaona kwamba soko lilikuwa kwao furaha ya maisha kupita biashara. Tarehe 15 Julai mwaka ule, watu wa wafanyabiashara wa utumwa walipiga bunduki katikati ya soko lile. Mamia walikufa, wengi wao wanawake waliozama mtoni wakikimbilia mitumbwi. Tunapowafikiri mama wale, tunaona kwanza kikapu cha samaki kilichoachwa chini, na bei ambayo ilikuwa haijakubaliwa bado.

Bwana wetu mwenyewe aliishi siku za namna hiyo kwa wingi. Mwinjili Luka anasema kwamba Yezu alipoanza kazi yake alikuwa na umri wa miaka kama thelathini. Injili inapita upesi juu ya miaka ile ya Nazareti, lakini Yezu hakuisahau. Alipofundisha, alisema juu ya chachu, taa, chumvi, kiraka cha nguo, wavu, na sarafu iliyopotea ndani ya nyumba. Mambo hayo mtu hujifunza akiitazama mikono ya mama yake. Kama angalizaliwa kwetu, pengine angalisema juu ya mihogo inayolowa majini siku tatu au nne hata sumu yake ikatoka, na kila mama angalifahamu bila kungoja katekista. Tarehe 5 Januari 1964 Baba Mtakatifu Paulo wa Sita alikwenda Nazareti, akataja huko mafundisho matatu: kimya, maisha ya jamaa, na kazi. Mwaka ule ule maasi yaliingia Kindu, na watu wa hapa walikosa yote matatu kwa pamoja.

Sasa tunapaswa kusema neno gumu. Wako wanaowahubiria maskini kuridhika, kusudi maskini wasiulize kitu. Mafundisho hayo tunayakataa. Mtakatifu Paulo aliwaandikia Wafilipi kwamba amejifunza kutosheka, akiwa ameshiba au akiwa na njaa. Aliandika hayo kifungoni, akasema juu ya njaa yake mwenyewe. Juu ya njaa ya jirani, Mtakatifu Yakobo anasema namna nyingine kabisa: anamkaripia yule anayemwaga ndugu yake kwa maneno mazuri bila kumpa chakula wala nguo. Mama yetu hakuwaambia majirani wavumilie mboga isiyo na chumvi. Aligawanya. Tena yule anayeipenda kweli ile safari fupi ya asubuhi ndiye atakayemkataza mwenye mtumbwi kupakia watu kupita kiasi, hata kama nafasi inayopunguzwa ni yake mwenyewe na atachelewa kazini. Wangapi wetu tumefanya hivyo? Tunawaomba vijana waliangalie jambo hili kwenye kivuko, kuanzia kesho. Hatutaki yubile nyingine itukute tukihesabu waliozama.

Kitabu cha Walawi, kinapoamuru yubile, hakiagizi kujenga mnara. Kinaamuru shamba lipumzike, na kila mtu arudi kwenye ardhi yake na jamaa yake. Hata sisi tunakaribia kurudi, na tunasikia kwamba wali umekwisha kuiva. Mpunga huu ulifika Maniema pamoja na Waungwana, wale wale waliotuachia lugha tunayosema hapa, katika miaka ile ile ya Nyangwe. Baba zetu waliupokea, wakaupanda kwenye mashamba yaliyokatwa msituni. Watoto wakafukuza ndege, mama wakatwanga na kupepeta. Historia yake ni chungu; harufu yake, tangu hapa tulipo, ni tamu sana.

Chumvi ya asubuhi imekwisha kutiwa katika mboga, kwa ruhusa ya Padri. Kijiko kitabaki katika sakristia. Lakini mwenye kafi ametuletea habari kwamba analitaka kafi lake kabla ya saa kumi na moja, maana watu wa Alunguli leo ni wengi, atawavusha kwa zamu, naye hataki kuvusha mtu gizani. Tunamrudishia.